Watu wa Karibu

Benchi la kahawa mbele ya kiwanda cha mashati lina miguu mitatu na tofali moja, na wakaaji wake nao hawajakamilika. Mchana ule, saa ya mapumziko, walikuwa watatu. Sindano, mshona mikono ya mashati, ulimi wake mrefu kuliko uzi wake. Kanuni, mlinzi wa geti, ajuaye sheria zote isipokuwa zilizoandikwa. Na Mama Vifungo, ambaye kahawa ilikuwa ikimpoa mkononi. Nyumbani ana mjukuu wa miezi miwili, asiyelala mpaka alazwe kifuani pa bibi yake. Na asubuhi hiyo tangazo lilikuwa limebandikwa mlangoni mwa choo: “Mwenzenu mmoja amepatikana na kifua kikuu. Watu wake wa karibu wafike ofisini wapimwe.” Basi. Kitengo hakuna, tarehe hakuna.

— Kifua kikuu anacho bosi, — akasema Sindano. — Shati lake lilikula mita tatu.

— Usicheke, — Kanuni akamkata. — Sheria inamtaka tajiri awaarifu wafanyakazi. Kaarifu.

— Kaarifu nini? — akauliza Mama Vifungo. — Uniambie kwangu kuna nyoka, halafu uniache nipapase chumba kwa chumba?

— Jina la mgonjwa ni siri, mama.

— Nani kataka jina? Nataka kujua kama nilikaa naye. Jioni nikifika, mtoto nimpakate au nisimpakate?

— Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, — akadakia Sindano.

— Ugonjwa ni wa kifua, wewe. Guu limeingiaje?

Sindano akasogeza kikombe, akateremsha sauti kama anayeuza dhahabu.

— Hamjaona mtego. “Watu wa karibu.” Mtu wa karibu wa mtu ni nani? Mke. Mume. Na yule mwingine! Bosi anatafuta wapenzi humo ndani. Atakayeingia ofisini kajianika.

— Ndiyo maana! — Kanuni akapiga paja. — Tangu asubuhi hajaingia hata mmoja. Yule wa pasi alifika mlangoni, akamwona mkewe anapita, akasema anatafuta ndoo.

— Mficha uchi hazai, — akasema Sindano.

— Ana watoto sita.

— Basi hakuficha vizuri. Na hicho kipimo, mnajua ni cha nini? Wanapima pumzi zetu, halafu watatugawia hewa kwa kibaba. Kwani madirisha yalipigiliwa misumari kwa nini?

— Vumbi lisichafue mashati meupe, — akasema Kanuni.

— Kikulacho ki nguoni mwako! Na sisi kazi yetu nini? Nguo!

Mama Vifungo hakutaka kucheka, lakini kicheko kilimponyoka, kahawa ikampalia, akakohoa. Wanaume wote wawili wakaruka. Benchi likaachana na tofali lake, mama akabaki ameinama upande kama jahazi lililokwama.

— Mimi si mtu wake wa karibu! — Sindano akapiga kelele kutoka ng'ambo ya mtaro.

Hapo akaja binti, aproni yake mpya bado ina mikunjo ya kabatini.

— Shikamooni.

— Marahaba, mwanangu, — akajibu Mama Vifungo, akijifuta kidevu.

— Naanza kazi leo. Nimepewa kiti namba saba, nimekuta mto wa mtu na kitambaa chake. Aliyekuwa akikaa pale yuko wapi?

Kanuni akatazama geti lake. Sindano akajitia kufunga kamba za viatu. Wiki tatu msimamizi alikuwa akisema wa namba saba yuko likizo.

Mama Vifungo anakaa namba nane.

Akaiweka kahawa chini, akasimama.

— Usikikalie kwanza. Nifuate.

— Wapi, mama?

— Ofisini. Mimi ndiye mtu wa karibu.

— Mama! — Sindano akaita. — Watu watasemaje?

— Waseme. Miaka miwili kiwiko kwa kiwiko, madirisha yamefungwa! Hata marehemu mume wangu hakuwahi kunikaribia kiasi hicho.