Annegret, Mkunga wa Televisheni

Marehemu Annegret Hollstein alizaliwa tarehe 9 Machi 1946 mjini Görlitz, Ujerumani, mtoto wa pekee wa fundi cherehani, akasoma hapo hapo hadi mwaka 1964, na mwaka uliofuata akaingia chuo cha uigizaji Berlin, ingawa baba yake alitaka awe mwalimu wa hesabu, somo lililomshinda hadi uzeeni.

Filamu ya kwanza alicheza mwaka 1969, akiwa na sentensi mbili tu, zikafuata nyingine ishirini na sita, lakini kilichompa jina ni tamthilia ya televisheni ya mkunga wa kijijini, aliyoicheza kuanzia 1979 hadi 1992, akizalisha wanawake mia na zaidi, yeye ambaye akiona damu ya kweli huzimia, na madukani akina mama walimsimamisha kumuuliza dawa ya mchango, naye akawajibu bila kupepesa macho, ilhali hakuwahi kubeba mtoto ila wale wa kuazimwa kwa ajili ya kamera.

Alifunga ndoa na mhandisi Lothar tarehe 5 Juni 1981, wakahamia Muscat mwaka 1998 kwa kazi ya mumewe bandarini, wakakaa Ghubra, na Lothar akamtangulia mwaka 2009.

Hawakujaliwa mtoto, jambo lililomuuma sana, na wapo waliouliza jana kama inafaa msichana wa kazi asome historia hii. Dativa wa Rombo alifika kwake mwaka 2007 kufanya kazi za ndani, akamfundisha Kiswahili jikoni, na siku moja mwaka 2011 jirani yao Bi. Kidawa alipouliza kwa neno la huko la mtumishi, "Huyu ndo shaghala wako?", marehemu akajibu, "Huyu mwanangu," akikusudia kusema mwenzangu, Bi. Kidawa akacheka, akamsahihisha, naye akafikiri kidogo, akasema, "Hapana, neno ni hilo hilo," na hakulibadilisha tena, ila Dativa kwa woga wake akaendelea kumwita Madamu.

Februari 2024 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho, akaigiza uzima hadi majirani wakamsifia kwa kupungua, akafariki Jumapili tarehe 12 Januari 2025, saa nne asubuhi, Dativa akiwa amemshika mkono, bado akimwita Madamu.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, Bi. Kidawa na majirani wote wa Ghubra, waigizaji wenzake waliotuma salamu kutoka Berlin, na kwaya yetu ya Watanzania na Waganda.

Marehemu ameacha mtoto mmoja, ndiye anayewasomea haya.

Pumzika kwa amani, Mama.