Miwani Mipya Kila Mwaka

“Kaka, miwani minene kama vitako vya chupa, na mguu wangu hukuuona?” mama mmoja alimfokea fundi cherehani aliyemkanyaga akiketi kando yake kwenye basi.

“Nisamehe, dada. Pembeni sioni tena. Ni glakoma, presha ya macho imeniharibu.” Fundi akainamisha kichwa. “Daktari alinionya kwamba sisi tusioona mbali tuko hatarini zaidi, nipimwe presha ya macho kila mwaka. Mimi nikawa nabadilisha miwani tu.”

Mama akapoa. Mimi, kwenye kiti cha nyuma yao, nikaacha kujifanya nasoma.

“Nyumbani wanajua?” mama akauliza.

“Nitaanzia wapi? Binti yangu naye haoni mbali. Kila mwaka nampeleka dukani, tunachagua miwani mipya.”

“Na presha ya macho hajapimwa?”

Fundi akavua miwani, akaanza kuifuta. Basi likasimama kituoni kwake, naye bado anafuta.