Makopo Kumi na Moja ya Bhabatosh Samaddar

Wazee wangu, majirani, wanachama wa chama cha filamu, nanyi nyote mliofika kwenye ukumbi huu wa mtaa, mimi ni Sutapa, binti wa marehemu Paritosh Samaddar, na nimesimama kwa niaba ya familia kuwasomea maisha ya kaka wa baba yangu, Bhabatosh Samaddar, ambaye nimemwita Baba Mkubwa tangu nilipojua kusema, nanyi wa mtaani mkamwita Babu Makopo, naye aliyaitikia majina yote mawili bila kinyongo.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1938 katika kijiji kimoja cha Barisal, mwaka 1948 akahamia Kolkata na wazazi wake, nchi ikiwa imekwisha kugawanywa na nyumba yao imebaki upande wa pili, akasoma hapa Dhakuria hadi mwaka 1955, akifaulu hesabu na kushindwa karibu masomo mengine yote, kwa sababu, kama alivyokiri mwenyewe, saa za masomo mengine alikuwa kwenye jumba la sinema.

Tarehe 2 Septemba 1957 aliajiriwa na kampuni moja ya kusambaza filamu mtaa wa Dharmatala, akiwa mkaguzi na mrekebishaji wa mikanda ya filamu, kazi ambayo wengi wenu hamkujua kama ipo, maana filamu iliporudi kutoka majumba ya wilayani ilirudi imechanika, imekwaruzwa, pengine na nywele ya mtu ndani yake, naye aliipitisha kati ya vidole vyake futi kwa futi, akikata palipooza na kuunga palipokatika. Kwa miaka thelathini na tisa aliziona filamu za Kibengali picha moja moja juu ya meza, bila sauti, na bado alilia mahali panapostahili kulia.

Tarehe 9 Februari 1963 alimwoa Kanaklata, binti wa mwalimu wa Nabadwip, wakaishi pamoja miaka arobaini na sita, hadi Kanaklata alipotangulia mbele ya haki tarehe 11 Mei 2009, hawakujaliwa mtoto wa kuzaa, ila baba yangu alipofariki nikiwa na miaka sita walinichukua mimi, na sikuwahi kulala njaa wala kuitwa yatima katika nyumba ile.

Mwaka 1996 kampuni ilifungwa, na mikanda ya zamani, ile ya rangi nyeusi na nyeupe, ikauzwa kwa watu wanaoiosha ili watoe madini ya fedha yaliyomo, ndivyo filamu zetu nyingi zilivyokwisha, si kwa vita wala kwa moto, bali ndani ya mapipa ya dawa, zikatoka huko zikiwa vikuku vya miguuni. Siku ya kuagwa wenzake walipewa saa za ukutani, yeye akaomba apewe filamu moja badala ya saa, makopo kumi na moja ya mikanda ya *Taji la Shola*, iliyoonyeshwa mwaka 1961 na ambayo nakala yake nyingine haijulikani ilipo. Aliyaleta nyumbani kwa riksho ya kuvutwa, akayapanga chini ya kitanda, Mama Mkubwa akasimama mlangoni mikono kiunoni akasema, "Haya, mtaa mzima njooni mwone, mke mwenza wangu kaletwa, na analala chini yangu!"

Kila majira ya baridi aliizungusha mikanda ile kwa mkono, taratibu, chumba kikiwa kikavu na dirisha limefunikwa, na aliliandikia jumba la kuhifadhi filamu barua thelathini na moja akiwaomba waje kuichukua, maana alijua nyumba ya mtu si mahali pake, hadi Julai 2017 walipojibu kwamba watafika baada ya sikukuu ya Durga. Sijapata kumwona mtu mzima akiibusu barua, siku ile nilimwona.

Ndugu zangu, hapa nafika mahali ambapo historia ya marehemu imekuwa ikisimuliwa kwa uongo, na mwongo nimekuwa mimi kwa kunyamaza.

Tarehe 21 Agosti 2017 Baba Mkubwa alianguka bafuni akavunjika nyonga, akalazwa siku ishirini na nne, nami nikaingia chumbani kwake kusafisha ili wageni wa filamu wasikute aibu, nikakuta makopo yananuka siki, nikadhani ni unyevu. Ulikuwa mwezi wa Bhadra, mvua zimeachia, na mnajua kila nyumba ya mtaa huu hufanya nini jua la Bhadra likitoka, tunapandisha juu ya paa mito, mablanketi, vitabu, machupa ya achari, kila kilichoshika unyevu. Jirani yetu Bi Malancha aliniona nikipanda na kopo la kwanza akaniambia, "Yapandishe yote, mwanangu, jua halijawahi kuharibu kitu." Nikayapandisha yote, nikayafunua, nikaifungua mikanda kidogo kidogo ipate hewa, nikaianika siku tatu, tarehe 3, 4 na 5 Septemba, katikati ya mito na achari ya embe, nikijisifu moyoni kwamba walau mara moja nami nimemsaidia.

Aliporudi alifungua kopo moja, akaukuta mkanda umejikunja, umekakamaa na kugandana, akalifunga. Nilimwuliza, "Harufu si imekwisha, Baba Mkubwa?" Akalirudisha kopo chini ya kitanda, akasema, "Imekwisha, mama. Umefanya vizuri." Nilikuja kujua tarehe 6 Novemba kwamba jua langu ndilo lililoiua mikanda, wageni wa jumba la kuhifadhi filamu walipofika na mmoja wao akaketi sakafuni akishika kichwa, na kabla sijafungua mdomo Baba Mkubwa akawaambia kwamba yeye ndiye aliyeacha dirisha wazi, uzee, usahaulifu, wamwie radhi.

Ndipo wewe, mzee Anadi Poddar, ukasema mbele ya chama chote cha filamu, "Samaddar amekiua alichojifanya kukilea," na hamkumwalika tena, naye aliyesubiri mikutano yenu ya Jumatano kama mtoto anavyosubiri sikukuu akakaa nyumbani miaka sita akinywa chai yake peke yake. Sikulaumu, mzee, ulisema ulichokijua. Mimi nilijua zaidi, nikanyamaza, kwa woga, na kila nilipotaka kusema alinikatiza, "Acha hayo, mama, jina langu limezeeka, lako bado linahitajika."

Kuanzia Januari 2020 alianza kunisomea ile filamu kutoka kichwani, kila alasiri, nami naandika, nani amesimama wapi, taa inatoka upande gani, mkono gani wa binti umeshika taji. Ni kisa cha mtengeneza mataji ya harusi, yale ya shola, moyo mweupe mwepesi wa mmea wa majini, ambaye binti yake anaolewa asikotaka. Mapafu yalipoanza kumsumbua mwaka jana nilimwomba aruke anisimulie mwisho, akanikemea, "Umewahi kuona wapi kopo la kumi na moja likaonyeshwa kabla ya la kumi? Andika." Tulimaliza kopo la tisa tarehe 28 Februari 2024, binti amefika kwenye ngazi za mto, taji mkononi, maji yanamfikia vifundoni. Tarehe 2 Machi, saa kumi alfajiri, Baba Mkubwa alitutoka, siku kumi na mbili kabla ya kutimiza miaka themanini na sita, mwili wake ukachomwa siku hiyohiyo kwenye uwanja wa kuchomea maiti wa Keoratala, na moto nimeuwasha mimi.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani mliolala nasi na kutupikia, na wafanyakazi wenzake watatu waliobaki, mliokuja na saa zenu za ukutani mkaziweka mbele ya picha yake.

Na ombi langu ni moja. Mpo hapa mliokuwa vijana mwaka 1961. Kama kuna aliyeiona *Taji la Shola* hadi taa za ukumbi zikawashwa, asiondoke kabla hajaniona, nimekuja na daftari, nitakuwa pale mlangoni. Sijui kama binti alilivaa lile taji au alilitupa majini.

Upumzike, Baba Mkubwa. Dirisha hukuliacha wazi wewe.