Kilio cha Zelpha Trask

Bisheni. Semeni Orrin ana mdomo mkubwa na shule aliikimbia darasa la tano. Lakini mimi nilimwona Zelpha Trask akilia, kwa macho yangu haya! Ndivyo nilivyoanza asubuhi ile kwenye benchi letu mbele ya geti la studio ya filamu, hapa Los Angeles, vikombe vya kahawa mkononi, tukingoja kama bosi atataka watu wa kujaza umati. Kulia kwangu mzee Lundquist, tunamwita Nabii, maana ndevu zake ndizo zinazomtafutia kazi. Kushoto Pruitt, jina la kijiweni Mweleka. Analipwa kuanguka kutoka kwenye farasi.

— Miaka minne dada wa watu kacheza maiti, nikasema. Maiti, nesi, maiti tena. Siku moja staa kavunjika mguu, wakampa Zelpha nafasi: mama aliyeletewa kofia ya mwanawe kutoka vitani. Kupiga picha ni mara moja tu, jua linazama, filamu imebaki kipande. Akaishika kofia, akainusa. Taratibu. Seremala akaacha nyundo. Hata farasi wa Mweleka alitulia.

— Farasi wangu hana adabu hiyo.

— Siku ile alikuwa nayo!

— Sasa mbona sinemani watu walicheka? akauliza Nabii. Nilikuwepo. Mama anarukaruka kama bisi kwenye kikaango, ananusa kofia kama mbwa! Watu mbavu hawana. Kesho yake akafukuzwa.

— Alizidisha kahawa, babu, akasema Mweleka.

— Kahawa wapi! Yule staa alimtilia kitu kwenye poda.

— Basi tetemeko. Ardhi ilitikisika, sisi hatukusikia, kamera ikasikia.

— Mweleka, umeangukia kichwa mara ngapi wewe?

Mwisho wa benchi alikaa dada mgeni, ameshuka treni ya Fresno jana, alikokuwa akipigia piano filamu zisizo na sauti. Akameza donati yake.

— Samahanini, kaka zangu. Siku ile nani alizungusha mkono wa kamera?

 Mweleka akanigeukia. Kahawa ikanipalia.

— Kuna kipande nimekiruka, nikasema. Mpiga picha alikuwa na jino bovu, amekwenda kuling'oa. Mimi nikajitapa kwa bosi kwamba najua kuzungusha: mizunguko miwili kwa sekunde, usizidishe, usipunguze. Nikaanza vizuri. Aliponusa ile kofia, jamani, nikasahau kama nina mkono. Ukapoa, ukapoa, karibu usimame. Na mkono ukizunguka polepole, mnajua wenyewe, picha zinapungua, kwenye pazia watu wanakimbia.

Nikaweka kikombe chini.

— Siku Zelpha anaondoka alisimama hapa hapa na sanduku lake. Akaniuliza, "Orrin, we ulikuwa karibu. Nilikosea wapi?"

— Ukamwambiaje? akauliza Mweleka.

— Nikamwambia, labda uliharakisha, dada.