Nilivyolia Kwenye Matanga ya Watu

Kina mama, mmeniita nisimame nitoe ushuhuda, nimesimama. Kiongozi wetu amenong'ona hapa sikioni kwamba nisitaje majina ya watu, nitaje mkono wa Mungu tu. Sawa. Mkono wa Mungu nitautaja ukifika. Ulichelewa. Hao waliowahi kufika kabla yake nitawataja, maana nimechoka kusimulia habari zangu kama mtu anayeficha wezi.

Mimi ni mke wa Kalisti, marehemu. Niliolewa hapa ng'ambo ya Kasense miaka michache kabla vita ile ya pili haijaanza. Mimba yangu ya kwanza ilifika miezi mitano wakati wa kulima matuta. Mnaijua kazi yenyewe: mvua za mwisho, majani yamefika kifuani, unayakata, unayalaza, unayafukia kwa udongo yaoze, ili mwakani upande ulezi. Udongo una maji, mzito kama mtu aliyelala. Mama mkwe wangu, Mama Kalisti, alisimama nyuma yangu akasema, "Mimba si ugonjwa, mwanangu. Mimi Kalisti nilimzaa nikitoka shamba." Nikainama.

Maumivu yalinishika kabla ya adhuhuri. Nikamaliza tuta kwanza, kwa aibu. Ndugu zangu, sisemi jembe ndilo lililomwua mtoto. Sijui, na nyie hamjui. Nasema hakuna aliyeniambia, wewe, pumzika.

Alitoka mchana ule ule. Wa kiume. Vidole vyake niliviona. Mama Kalisti alikuwapo na wanawake wawili wa jirani. Akakata kipande cha kaniki yangu, akafunga, akatoka kwa mlango wa nyuma.

"Mama, unampeleka wapi?"

"Nani?"

"Mtoto."

"Hapa hapakuwa na mtoto. Ilikuwa damu. Nyamaza, ukiililia tumbo litakauka."

Nikanyamaza. Jioni nikasonga ugali, nikawapakulia, wakala. Kalisti alikuwa nje anachonga mpini wa jembe. Akaniambia pole, ile pole ya mtu aliyejikwaa kidole. Kisha akasema, "Utapata mwingine." Kesho yake kabla jua halijapanda nikawa shambani tena, kwenye tuta linalofuata.

Nikaenda kwa katekista wetu wa wakati ule, Benedikti. Nilitaka sala moja tu, hata fupi. Akafungua kitabu.

"Jina lake?"

"Hana."

"Alibatizwa?"

"Angebatizwa saa ngapi, baba?"

"Basi nimwombee nani?"

Akafunga kitabu. Hakuwa mkatili, nawaambia ukweli. Alikuwa na njaa, mke wake alikwishamwita mara mbili chakula kinapoa. Lakini nilirudi nyumbani njia nzima najiuliza swali lake kama vile ni mimi niliyekosea.

Wa pili hakufika hata huko. Miezi minne. Kaniki nyingine, mlango ule ule. Safari hii nilijaribu kumfuata Mama Kalisti, wale majirani wawili wakanishika mabega, mmoja huku, mmoja huku. Wengine mmekaa hapa mnaangalia chini. Angalieni juu tu, sijaja kugombana. Mlinishika kwa nguvu, basi, hilo nalikumbuka.

Baada ya hapo Kalisti akaenda Lupa, kwenye machimbo ya dhahabu, kutafuta ya kodi. Mtu wa huko akaja na koti lake. Shimo lilimfunika.

Sasa sikilizeni mambo yalivyo ya ajabu. Kalisti, ambaye kwangu alikuwa mtu wa kawaida, si mbaya sana, si mzuri, alikaliwa matanga ya haki. Wanawake walikuja kutoka vijiji vinne. Unga ulikuja, kuni zikaja, pombe ya ulezi ikaja. Na mimi nililia! Nililia mpaka sauti ikanikauka, nikaanza kulia bila sauti. Watu wakasema, "Tazameni mke mwema. Kumbe alimpenda hivi." Mama Kalisti mwenyewe akanifuta uso. Nami nikawa najua, moyoni, kwamba huyu mwanaume simlilii. Labda kidogo. Machozi yale yalikuwa ya wale wanangu wawili, ambao nilikatazwa kuwalilia, na sasa nimepata mahali ambapo hakuna wa kunikataza.

Hapo ndipo nilipoharibika.

Nikawa nikisikia kilio popote, naacha jembe naondoka. Awe mzee, awe mtoto, awe mtu ambaye jina lake silijui. Nilikwenda hata Milanzi kwa miguu, nikiwa na njaa, nikapiga yowe mlangoni, nikaketi na wafiwa, nikalia, nikarudi nyumbani nimepata nafuu ya siku tatu. Mwanzo watu walishukuru. Halafu wakaanza kunihesabu. "Huyu mbona hakosi? Huyu anafuata maiti kama fisi." Neno mchawi halikusemwa mbele yangu, ila nilipopita wanawake waliwavuta watoto wao ndani.

Mama Kalisti akachoka. "Unanitia aibu. Mume amekufa, mtoto huna, rudi kwenu."

"Nionyeshe kwanza ulipowaweka."

"Nimesahau."

Miaka mitano tulisemezana hivyo, kina mama. Rudi kwenu. Nionyeshe. Nimesahau. Kwetu ningekwenda, kaka zangu walikwishanitengea shamba. Lakini ningewaachaje mahali nisipopajua? Mtu akihama hata kuku wake anajua wamelala wapi.

Siku moja nikapeleka maharage sokoni Sumbawanga mjini. Nikasikia kuna msiba, mwenye duka mmoja, Mwislamu, mwenye lori. Nikaacha maharage kwa mwenzangu, nikaenda. Nikakuta wanawake wamejaa mkekani, wamejitanda, wanalia taratibu, wengine wanasoma dua. Sasa mimi mtu wa kilimani, kwetu msiba ni sauti. Nikajitupa chini nikapiga yowe ambalo nadhani lilifika boma la Bwana Shauri, yule Mzungu wa wilaya.

 Dua imesimama. Wanawake wote wamenigeukia. Nikasikia binti mmoja anamwambia mwenzake, wala hakushusha sauti, "Ndiye huyu yule wa Milanzi?" Mwenzake akajibu, "Mh! Na huyu ndiye alimwona mzuri?" Mjane akainua uso akanitazama, na jicho lile sitalisahau.

Kumbe marehemu alikuwa na kimada huko Milanzi, nao wakadhani ndiye mimi.

Mama mmoja mtu mzima akanishika mkono, akaniburuta mpaka jikoni uani. Huyo ndiye Bi Mwanaidi, dada wa marehemu. Akafunga mlango kwa kisigino.

"Sema kweli mbele ya Mungu. Kaka yangu ulimjua wapi?"

"Simjui, Bibi."

"Humjui? Umelia kuliko mkewe!"

"Hata jina lake silijui."

"Basi unamlilia nani ndani ya nyumba ya watu?"

Sijui kwa nini nilimwambia. Labda kwa sababu alikasirika waziwazi, na mimi miaka yote nilikuwa nazungukwa na watu wanaokasirika kwa chini chini. Nikamwambia yote. Kaniki, mlango, tumbo litakauka. Mwanzoni mdomo ulimcheza kama anayetaka kucheka, alipoona mimi si kimada wa kaka yake bali ni mwehu mmoja wa Kifipa. Halafu akakaa chini juu ya kinu.

"Walikuwa wangapi?"

"Wawili."

"Wamelazwa wapi?"

Ndugu zangu, nawaambia, hakuna mtu aliyekuwa amewahi kuniuliza hivyo. Hata mmoja. Waliniuliza nitazaa lini, waliniuliza nimekula nini, nimemkosea nani. Hakuna aliyeuliza wamelazwa wapi, kama watu wanavyouliza habari ya mtu.

"Sijui," nikasema.

"Hujui! Na wewe umekaa tu, unawalilia kaka zetu!" Akasimama. "Kula kwanza. Halafu utanielekeza kwenu. Tukimaliza hitima nitakuja."

Nikafikiri ni maneno ya kunitoa jikoni. Hitima ikaisha, nikamwona anapanda njia yetu kwa miguu, mwavuli mkononi, viatu amevishika mkono wa pili kwa ajili ya tope. Mama Kalisti alikuwa barazani anapeta ulezi. Bi Mwanaidi akaweka mwavuli chini, akaketi bila kukaribishwa.

"Dada, tumekuja kuonyeshwa makaburi."

"Makaburi gani? Hapa kwetu mila ni kwamba..."

"Mila nimekuta nyingi, na kwetu tunazo. Nakuuliza makaburi."

Mama Kalisti akageukia kwangu. "Umeniletea mtu wa mjini anihukumu? Wangu walikuwa watatu! Watatu, kabla ya Kalisti! Mimi nani alinionyesha? Mimi niliuliza nani?"

Akatupa ungo. Ulezi ukamwagika baraza zima, na yule mama hakuwahi kumwaga punje maisha yake yote. Sikuwa najua. Nimeishi naye nyumba moja, nimekula naye chungu kimoja, sikujua habari ya hao watatu.

 Kisha akainuka, akazunguka nyumba, tukamfuata. Nyuma pale, chini ya ukingo wa paa ambapo maji ya mvua hudondoka, kuna mawe mawili bapa. Wazee walisema mahali pa maji ndipo panapofaa, tumbo la mama lisikauke. Akaonyesha kwa mguu, halafu akaona haya akainama akaonyesha kwa mkono. "Mkubwa huyu. Mdogo huyu."

Pale pale, kina mama. Hatua kumi kutoka kitanda changu. Miaka yote hiyo nilikuwa namwaga pale maji ya kuoshea vyungu.

Sitasimulia nilivyofanya. Nilikwishajifunza kulia kwa watu, siku ile nikalia kwetu. Bi Mwanaidi akatuma mtu aende nyumba kwa nyumba aseme kuna msiba kwa Mama Kalisti. Watu wakauliza, nani amekufa? Akawaambia, njooni mtaambiwa. Wengine walipojua wakageuka na unga wao. Walikuja saba, wakakaa siku mbili mkekani. Nikawapa wanangu majina. Hayo sitayataja hapa.

Mama Kalisti alikaa mbali, mgongo ukutani, akisema tunacheza. Siku ya pili jioni akaanza kutikisika mabega. Hakuna aliyemwuliza. Mmoja wa wale saba alisogeza mkeka tu mpaka ukamfikia.

Msifikiri tulipendana baada ya hapo. Alibaki mkali, nami nikabaki na ulimi wangu. Sikurudi kwetu, nikamtunza. Mwaka jana amekufa, nimemwosha kwa mikono hii. Nimemsamehe jembe. Nimemsamehe tumbo litakauka, maana na yeye aliambiwa hivyo. Mlango wa nyuma bado. Siku moja nadhani nimemaliza, kesho yake nakuta bado. Na mtoto mwingine sikupata, kwa hiyo waliosema utapata mwingine naomba waje wanieleze walipomwona.

Lakini misiba ya watu niliacha. Siku hizi naenda ninapohusika, nalia kiasi changu, nasaidia kupika.

Nawashukuru wale saba. Wako humu, wanajijua, na wawili kati yao ndio walionishika mabega, msinione mjinga, niliwaona mkifika na kuni kichwani. Namshukuru Bi Mwanaidi. Najua wako walionuna nilipotaka aalikwe leo, wakasema huyu si wa kanisani. Niliahidi kuutaja mkono wa Mungu. Basi kwangu mimi ulikuja umeshika mwavuli, ukitokea upande wa msikiti. Asiyetaka, akamwulize Mungu mwenyewe alikuwa anafikiri nini.

Funzo mnalolitaka ni fupi. Mwanamke aliyeharibikiwa mimba amefiwa. Usimwambie nyamaza. Usimwambie Mungu amempenda zaidi, kama kwamba yeye alimpenda kidogo. Mwulize alikuwa wa ngapi. Mwulize amelazwa wapi. Mchotee maji, kaa.

Na kwa kuwa mmenipa nafasi, namalizia. Juzi Apolonia, mkwe wa Mama Selina aliyekaa hapa mbele yangu, ameharibikiwa mimba ya miezi sita. Jana nimepita pale nimemkuta anatwanga. Macho makavu, anatwanga. Nimemsalimu, hakuinua kichwa.

Siombi vigelegele. Jua bado liko juu. Mwenye unga apitie kwake achukue unga, mwenye kuni achukue kuni. Mama Selina, inuka mama yangu. Tangulia wewe, maana ni wewe unayejua alipolazwa.