Siku Moja ya Kapsombe

Benchi la kahawa la Nabwile limeegemea ukuta wa kisiagi cha mahindi, pale Kitale ambapo barabara ya Endebess huanza kutoa vumbi. Asubuhi hiyo wateja wake wa kila siku waliwahi kufika. Alikuwepo mzee Wekoye wa Bungoma, aliyeitwa Jaji kwa sababu zamani alikuwa karani wa korti. Gathogo muuza mbegu, aliyeitwa Setilaiti kwa kujua mambo ya mbali. Na Sifuna fundi wa mawe, ambaye hasira zilimpa jina la Pilipili. Katikati yao alikaa Levi, mumewe Nabwile, na kesi yenyewe ilikuwa yake.

Levi alikuwa ameenda Kapsombe, lile bonde la juu mlimani, mbele ya Endebess, kununua ng'ombe mtamba. Aliaga asubuhi akisema atarudi jioni. Hakurudi. Nabwile alimtafuta hadi Suam mpakani, miaka ikapita, mwishowe wazee wakazika mgomba mahali pake, kama inavyofanywa mwili usipoonekana. Nabwile alinyolewa, akalia, kisha akaanza kuuza kahawa ili watoto wasome. Juma lililopita Levi alitokea mlangoni na shati lile lile, ndevu hazina mvi, akauliza kama ugali uko tayari. Kwake bado ilikuwa jioni ya siku ile. Mtoto aliyemwacha akibebwa mgongoni sasa alikuwa akimbeba wake.

Jaji alishikilia kwamba Kapsombe ilikuwa hivyo kabla ya wazungu. Wachungaji waliingia mapangoni kujikinga na mvua, wakatoka wakakuta watoto wao wana ndevu. Setilaiti alikataa kabisa. Alisema kosa ni la mlowezi aliyelima pareto huko. Siku haikuisha mpaka apige kengele, naye hakuipiga mpaka shamba liishe, hivyo vibarua wakafanya siku mbili wakahesabiwa moja. Alipohama aliondoka na kengele yake, na siku za bonde zikabaki bila mtu wa kuzimaliza.

— Kama ni hivyo, muda wa watu umeibwa, Jaji alisema, na mpaka leo hakuna mtu ameshtakiwa.

Pilipili alisema wezi wenyewe bado wapo. Viongozi wakishapata kura hupanda Kapsombe, wakanywa chai, halafu wakateremka kutuambia tuvumilie kidogo.

— Na kwao ni kidogo kweli. Si ndio maana lami haifiki? Wao wanakaa mchana mmoja, sisi tunazeeka hapa bana.

Nabwile aliwamiminia kahawa. Juma zima walikuwa wamemhoji Levi jua la huko lilisimama upande gani, na maji yalikuwa na ladha gani. Hakuna aliyemuuliza yeye mwaka ule mahindi yalipokauka alipika nini.

Ndipo Levi akakohoa. Alisema mtamba wake alibaki amefungwa kwenye mti, na haifai kumwacha.

— Ni kwenda na kurudi tu, mama watoto.

Jaji akasema mali ya mtu lazima ifuatwe. Setilaiti akajitolea kumwazima saa. Pilipili alitaka waende pamoja akawafumanie viongozi. Hakuna aliyegeuka kumtazama Nabwile.

Kando yao, juu ya gunia lake, alikuwa ameketi mwanamke mgeni aliyengoja kusagiwa. Alijitambulisha kuwa Jerono, mtu wa Endebess, akaomba radhi kwa kuingilia.

— Huko Kapsombe, wanawake hawaendi?

Setilaiti alimwambia wanaenda sana. Kila siku ya soko wanapeleka viazi.

— Na wao hurudi lini?

— Siku hiyo hiyo, Jaji alisema.

— Sasa mbona wanaume peke yao ndio wanapotea?

Pilipili akanywa kwenye kikombe kilichokwisha kahawa. Jaji alimwangalia Setilaiti, naye Setilaiti akaangalia barabara. Levi aliinamia viatu vyake.

Nabwile aliikung'uta thermos chini, halikutoka hata tone.

— Kahawa imeisha, alisema. Enda, Levi. Lakini mimi nimeshakungoja, sitarudia.

Gari la Endebess likafika likapiga honi. Levi aliinuka, akasogea hadi mlangoni. Kondakta akamuuliza kama anapanda au anazuia wengine. Levi alisimama hapo mkono ukiwa kwenye chuma cha mlango, kisha akauachilia, na gari likaondoka na vumbi lake.

Alirudi taratibu mpaka mbele ya mkewe. Tangu atokee hakuwa amemuuliza neno lolote juu yake mwenyewe.

— Nabwile, ulikaaje?

Nabwile aliwaambia Jaji na wenzake wasogee. Aliketi kwenye benchi lake mwenyewe, mahali ambapo hakuwahi kuketi, akamwonyesha mumewe gunia ambalo yule mgeni alikuwa ameinuka kumpisha.

— Kaa chini, alisema. Ni mengi.