Sahani ya Olgierd

Sogezeni viti, wanangu. Wewe Bogna kaa upande wa dirisha, na wewe Ziemowit acha kusimama mlangoni kama mtu aliyekuja kusoma mita ya umeme, njoo ukae karibu na dada yako, hata kama hamjasemezana tangu tulipomzika mama yenu. Sauti yangu haina tena nguvu ya kwenda na kurudi kati yenu. Mkinikatiza nitasinzia, maana siku hizi mimi na usingizi tunaelewana sana.

Najua mnachogombania. Ziemowit, unataka nyumba hii iuzwe, kwa sababu kuta zinatoa maji na dada yako anakohoa kila majira ya baridi. Bogna, hutaki hata kusikia, kwa sababu mama yako alikushika mkono kwenye kitanda hikihiki akakuapisha usihame mpaka kaka yako Olgierd arudi. Olgierd aliondoka Gdańsk na meli, vuli ile kabla ya jeshi kutwaa nchi na vifaru kuingia barabarani, akatuandikia kidogo, kisha akanyamaza, na mlango pekee anaoujua duniani ni huu wetu wa hapa Wrocław. Na Dobrosław wa Toruń, yule mwenye bustani ya miche, bado anangoja akuoe. Unadhani sikuoni unavyonipa mgongo ukiongea naye kwenye simu? Naona, mwanangu, na roho inaniuma.

Mama yenu Leokadia hakuwa mkaidi bure. Vita vilipokwisha, akiwa msichana, waliondolewa kwao Lwów, mji uliochukuliwa na Warusi, wakapakiwa kwenye treni ya mizigo pamoja na mbuzi na cherehani, na kaka yake, ambaye alikuwa hajarudi kutoka vitani, alifika akakuta watu wengine wanakula kwenye meza yao. Jirani ndiye aliyewasimulia baadaye. Kaka huyo alisimama kidogo mlangoni, akavaa kofia, akashuka ngazi, na hawakuonana tena. Kwa hiyo msimlaumu mama yenu.

Sasa nisindikizeni kazini kwangu, na Ziemowit usigune, najua umezisikia hizi hadithi. Ile mashine yetu ya kwanza ya hesabu, kompyuta kama mnavyoiita leo, ilijaza ukumbi mzima na kuupasha joto, na kumbukumbu yake ilikuwa pipa la chuma lililozunguka mchana kutwa likinguruma taratibu, ngurumo ninayoisikia hata sasa nikifumba macho. Pipa lilikuwa na vijumba vingi vya hesabu, kila kijumba na namba yake, na namba hizo tuliziandika wenyewe kwa mkono: nenda kijumba fulani, chukua kilichomo. Ukikiita kijumba ambacho kimekwisha kupita mahali pa kusomewa, mashine nzima inakaa kusubiri mpaka pipa lizunguke tena, kwa hiyo tulijifunza kuweka kila kitu pale kitakapofika wakati kinapohitajika. Niliipenda kazi ile kama nini. Nilizijua namba zangu kama tarishi anavyojua mitaa yake, na nilikuwa na kiburi nazo, na bado ninacho.

Lakini ole wako ukihamisha kitu kimoja tu. Wote waliokijua kwa namba yake ya zamani wangekwenda palepale, wangekuta mali ya mtu mwingine, na wangeibeba bila kuuliza, kisha mashine inakutolea upuuzi bila hata haya. Basi siku moja naingia kazini, nakuta mwenzangu Teodora, mwanamke mrefu aliyetembea na peremende mfukoni, amehamisha hesabu yangu ili yake ipate nafasi. Nilipandwa na hasira.

"Dada Teodora, unanihamishia nyumba bila hata hodi?"

"Tulia, bwana Hipolit, kunywa chai. Kwenye kijumba chako cha zamani nimeacha namba ya kijumba kipya. Atakayekuja ataisoma, aendelee na safari."

"Na ukihama tena?"

"Nabadilisha namba ile moja. Wewe hutajua hata kama nimehama."

Nilikunywa chai kwa wivu, sikatai, kwa sababu ilikuwa akili ya ajabu na haikuwa yangu. Jioni nikirudi kwa miguu kando ya mto Odra nilimfikiria kaka yake Leokadia. Laiti kwenye meza ile ya Lwów mtu angeachiwa neno moja tu.

Miaka ikapita, Olgierd akaondoka, na siku moja nikamwambia mama yenu kwamba tunaweza kuhamia mahali pakavu, tukaacha neno hapa. Alikuwa anapakua supu ya shayiri, wala hakugeuka. "Mtoto amepanda ngazi zote hizi, amechoka, ana njaa, halafu unampa namba? Mashine yako haina tumbo, Hipolit."

Nikala supu yangu. Tangu siku hiyo, ile sahani ya mgeni ambayo watu huiweka mezani mkesha wa Krismasi, yeye aliiweka kila siku, nawe Bogna umeendelea kuiweka.

Nipe maji kidogo. Asante.

Mashine zikabadilika. Watu wakajifunza kuhesabu vijumba kuanzia pale kazi ilipokaa, kwa hiyo ukiihamisha kazi nzima inahama na hesabu yake, haipotei. Mwishowe mashine yenyewe ikaanza kuhamisha vitu, kuviingiza na kuvitoa, bila kutuuliza. Mimi niliumia. Nikamuuliza Teodora, kichwa chake kikiwa kimejaa mvi, "Hesabu yangu imelala wapi?" Akasema, "Mimi sijui, wewe hujui, lakini hebu iite." Nikaiita, ikaja. Hilo ndilo ninaloliwaza nikilala hapa. Ninakokwenda sijui nitawekwa wapi, na siogopi.

Basi shikeni haya. Nyumba iuzwe, mgawane sawa. Bogna, usilie, sijamaliza. Jibu la kumpa mama yako nimelipata, nimechelewa tu. Nilimwita Bi Rozalia, jirani yetu wa ghorofa ya chini, nikamwambia akija mwanamume anayemuulizia Leokadia, asimpe anwani mlangoni; amwingize, ampe supu, apumzike, ndipo amwambie dada yake anaishi wapi. Alinikasirikia. "Mzee Hipolit, ulidhani ningemwacha kwenye ngazi? Na Mungu akinichukua, binti yangu yupo, na jiko ni lilelile." Kazi yako, Bogna, ni moja: kila ukihama, umjulishe Bi Rozalia. Mama yako hakuzipenda kuta hizi. Aliogopa mtoto wake asije akabisha hodi akakuta wageni wanakula. Kiapo chake umekitimiza, na mimi baba yako nakufungua. Nenda Toruń, na sahani uende nayo.

Ziemowit, lile pipa la korido mnamotia miavuli ni lako. Ndilo lilelile la mashine yetu ya kwanza. Wewe na Olgierd mlikuwa mkilizungusha mpaka mama yenu anapiga kelele. Na dada yako utampeleka wewe mwenyewe, kwa gari lako, na njiani mtaongea. Mnizike ubavuni kwa Leokadia, na jiwe lisiwe na maneno mengi.

Leteni vichwa vyenu. Mungu awalinde. Awape nyumba kavu... na watu wa kuwaita, nanyi muitike.

Pipa linazunguka... mnasikia? Hapana, ni tramu. Fungua dirisha, mwanangu. Kuna mtu anapanda ngazi, anapanda taratibu, amechoka... Msimwambie lolote bado. Mwambieni ale kwanza.